Ungwana wa Nani? Kukisoma Tena Kitabu cha Freretown

Leonard Mambo Mbotela alipofariki Februari 2025, magrupu yote ya WhatsApp niliyomo yalijaa sauti yake. Lile swali lake, Je, huu ni ungwana?, lilikuwa kila mahali, na kila mtu akawa na kumbukumbu yake ya redio ya babu. Kipindi kilianza 1966 kwenye Sauti ya Kenya na kikadumu zaidi ya miaka hamsini. Watu walimlilia kama mwalimu wa adabu, na kweli alikuwa hivyo. Lakini katika rambirambi zote nilizosoma, sikuona hata mmoja aliyesimama kwenye neno lenyewe akauliza limetoka wapi.

Muungwana, kabla hajawa mtu wa adabu, alikuwa mtu asiye mtumwa. Hiyo ndiyo maana ya zamani, na kamusi bado zinaibeba. Adabu ilikuja kupandishwa juu yake baadaye. Waliokuwa na nafasi ya kukaa barazani, kusoma, kuvaa kanzu safi na kutuma wengine ndio walioamua tabia njema ni ipi, kisha tabia njema ikaitwa kwa jina lao. Sasa kumbuka Mbotela alikuwa mtoto wa Freretown, mjukuu wa mtu aliyekamatwa bara akiuzwa kama bidhaa. Awe alikusudia au la, mjukuu wa mtumwa alikaa redioni nusu karne akiiuliza nchi nzima kama mwenendo wake ni wa watu huru, na nchi ikacheka, ikapenda, ikarudia.

Babake, James Mbotela, alishaandika kuhusu jambo hilohilo kabla yake. Kitabu chake, Uhuru wa Watumwa, kilichapishwa London na Sheldon Press mwaka 1934. Nilipokuwa chuo, kabla ada haijanishinda nikaacha, kitabu hiki tulipitishiwa kwa dakika tano: fasihi ya kikoloni, kasumba, haya tuendelee. Nimekisoma baadaye, kwa nakala iliyofotokopiwa mpaka herufi zimefifia, nikiwa hapa Ganjoni. Na nadhani zile dakika tano zilificha kitu, tena si cha mkoloni peke yake.

Kitabu chenyewe ni kidogo, lugha yake nyepesi. Kinasimulia watu walivyotekwa, safari ya miguu hadi pwani, majahazi, mabwana wema na mabwana wakatili, kisha manowari za Waingereza zinazokamata majahazi hayo baharini, mpaka Freretown, kijiji cha waliookolewa. Kijiji hicho kilianzishwa na wamisionari wa CMS katikati ya miaka ya 1870, ng'ambo ya maji ukitoka Mji wa Kale. Jina ni la Bartle Frere, Mwingereza aliyetumwa Zanzibar 1873 kumbana Sultan Barghash afunge biashara ya watumwa. Ukipanda matatu ya Bamburi, kondakta akipiga kelele "Kengeleni!", ujue kengele yenyewe ni ya Freretown, na bado iko pale njia panda. Asilimia kubwa ya abiria hawajawahi kuitupia jicho.

Wanaokilaumu kitabu hiki hawajakizulia. Ndani yake Mwarabu ana kabila lake, na ubaya wa mtu mmoja unakuwa ubaya wa kabila zima. Mwafrika naye ana kabila, na kabila lake ni la kuteswa. Mwingereza ndiye asiye na kabila. Yeye ni mkono unaotoka juu kuokoa, kisha anashukuriwa. Kwangu hapo ndipo kasoro kubwa ilipo, na ni kubwa kuliko hizo sifa zenyewe. Upendeleo mkubwa kabisa wa kirangi ni huo wa kuwa mtu tu, asiyeulizwa asili yake, wakati kila mwengine chumbani ana jina la kundi lake kifuani. James Mbotela alimpa Mwingereza upendeleo huo bure.

Bure, kwa sababu historia yenyewe haikumpa. Himaya ya Waingereza ilitangazwa hapa 1895. Hali ya utumwa ilikuja kufutwa kisheria 1907. Piga hesabu mwenyewe: miaka kumi na miwili bendera ya mkombozi inapepea na mtu bado ni mali ya mtu. Kabla ya hapo, mwanzoni mwa 1889, kampuni ya Waingereza iliyokodi pwani hii iliwakomboa watoro zaidi ya 1,400 waliokuwa wamejificha kwenye vituo vya misheni, hasa Rabai. Watoro wakapewa vyeti vya uhuru. Pesa wakapewa mabwana zao. Na Freretown yenyewe haikuwa pepo. Mmoja wa wakuu wake wa mwanzo, Streeter, alishutumiwa kwa kuwachapa watu viboko kupita kiasi hadi habari zikawafikia wakubwa, akaondolewa. Wale waliokuwa wamesomeshwa India, waliokuja kuitwa Waafrika wa Bombay, akina William Jones, walifanya kazi bega kwa bega na wamisionari wa Kizungu na wakagombana nao kwa kutotendewa kama wenzao. Ukiwa na hayo kichwani, shukrani za kitabu zinaanza kusikika kama sauti ya mtu anayejua anasikilizwa na nani. Sheldon Press ilikuwa mkono wa shirika la Kikristo la Uingereza. Mlango wa kuchapisha ulikuwa huo.

Mpaka hapa mimi na mhadhiri wangu hatujakosana. Tunaachana pale anapofunga kitabu na kusema basi, hiki ni cha mkoloni. Maana ukikifunga hapo, swali la mtumwa linabaki kuwa ugomvi wa Mzungu na Mwarabu, na sisi wengine wa mji huu tunatoka mikono misafi kama tumetoka msikitini.

Tuangalie maneno, kwa sababu Kiswahili hakikusubiri Mzungu kuja kupanga watu. Mtumwa ni mtu anayetumwa. Neno limetoka kwenye kutuma, mtumishi yumo, na Mtume pia yumo. Kwa hivyo si neno la rangi, ni neno la nani anamtuma nani. Mtumwa aliyefika juzi kutoka bara, hajui lugha wala dini, aliitwa mjinga. Ndiyo, mjinga huyuhuyu unayemtukana bodaboda. Aliyezaliwa hapahapa nyumbani kwa bwana alikuwa mzalia, na mzalia alimdharau mjinga. Aliyeachwa alikuwa huru, lakini huru si muungwana, kwa sababu muungwana hakuwahi kuachwa na mtu. Na huko bara wote walikuwa washenzi. Ngazi nzima hiyo, na kila kidaraja kina mtu anayemkanyaga wa chini yake. Mtu aliweza kupanda kwa dini, kwa lugha, kwa ndoa, kwa kanzu, kwa kusahau. Mtoto wa suria alihesabiwa wa babake. Ngazi hii ilikuwa na ukatili wake, ila haikuangalia ngozi peke yake, na kila kizazi kilikuwa na njia ya kujisogeza.

Halafu lilikuja neno jengine, ustaarabu, likachukua nafasi ya ungwana katika karne ya kumi na tisa, wakati Waarabu wa Omani wakitawala. Ndani ya neno umo Uarabu wenyewe: kustaarabika ni kuwa kama Mwarabu. Leo mwanasiasa yeyote wa Nairobi akituomba tufanye siasa za kistaarabu anatuomba hivyo bila kujua.

Basi mkoloni alipokuja na daftari lake, alikuta ngazi, akaigeuza masanduku. Hapa ndipo mambo yanapokuwa matamu, au machungu, kutegemea familia yako.

Sheria ya kodi ya kichwa na nyumba ya 1910 iligawa watu wa pwani kwenye madaraja mawili: wenyeji, yaani "neitivu", na wasio wenyeji. Waarabu waliwekwa upande wa pili. Waswahili wa Mombasa, Thenashara Taifa, watu wa Mvita, Kilindini, Changamwe, Tangana na wenzao, waliangukia upande wa wenyeji, pamoja na Wamijikenda na pamoja na wale waliokuwa watumwa wao. Fikiria baraza za Kibokoni wiki hiyo. Mzee ambaye familia yake ilikuwa na shamba, na watu wa kulilima, anaambiwa na karani kwamba yeye na mlimaji wake ni kitu kimoja. Jirani yake wa mlango wa pili, wanaoswali safu moja na pengine wameoana, ni Mwarabu na kodi hiyo haimhusu. Na kodi ilikuwa mwanzo tu. Kiti katika Baraza la Kutunga Sheria na heshima ofisini vilifuata sanduku hilo.

Watu walifanya nini? Walidai Uarabu. Chama cha Waarabu wa Pwani kilianzishwa 1921, lakini Waarabu "halisi" hawakutaka kugawana. Thenashara Taifa wakajitoa wakaunda chao 1927, Chama cha Waafrika na Waasia, jina ambalo mpaka leo nikilisoma naona mtu amesimama katikati ya mlango. Wakaandika maombi, wakaleta nasaba, wakataja Shirazi. Ilichukua mpaka 1952 ndipo wakakubaliwa kuhesabiwa pamoja na Waarabu. Zanzibar hesabu za watu za miaka ya 1924 na 1931 zinaonyesha mchezo uleule kwa haraka zaidi: waliojiita Waswahili walishuka kutoka makumi ya maelfu hadi elfu chache tu. Hawakufa wala hawakuhama, ila walijaza sanduku lengine.

Sasa chukua mtu mmoja wa kubuni aliyezaliwa Mji wa Kale mwaka 1905. Akiwa mtoto wa miaka mitano anafanywa mwenyeji. Ana miaka arobaini na saba anakuwa Mwarabu. Kufika 1963, nchi inapopata uhuru na ndoto ya Mwambao kujitenga imezimwa, Uarabu aliousubiri maisha yake yote umegeuka mzigo, na wajukuu wake wanaanza kusema sisi ni Waafrika, sisi ni Waswahili, sisi ndio wenyewe. Damu ni ileile, pua ni ileile, nywele ni zilezile, na kuta za nyumba hazijaongezwa jiwe. Amebadilishwa asili mara tatu na makarani na siasa, na kila mara lilikuwa na bei yake.

Na hapa narudi kwa Mbotela. Maombi ya Thenashara Taifa kwa serikali yalikuwa maombi ya raia watiifu, ya watu wanaomwambia mtawala: tuondoe kwenye kundi la wale, tuweke kwenye kundi la hawa. Kitabu cha 1934 ni ombi pia, na mtawala anayeombwa ni yuleyule. Mtoto wa Freretown anamwambia Mwingereza asante, na ndani ya asante yake anasema jambo ambalo hakuna baraza la mjini lililokuwa tayari kulisikia: babangu alikuwa na jina, alikamatwa, na waliomnunua ni hawa. Miaka mingi ya maombi ya mjini tumeiita siasa, tumeiandikia tasnifu, tumeihurumia. Kitabu cha Mbotela tumekiita kasumba. Nani aliyeamua kwamba shukrani ya huyu ni aibu na utiifu wa wale ni mkakati?

Jibu langu ni kwamba aliyeamua ni muungwana. Sisemi muungwana fulani. Nasema ule mkao wa barazani tuliorithi wengi, hata sisi tusio na baraza. Uhakiki wetu wa Kiswahili ulitokana kwa kiasi kikubwa na wana wa miji hii ya kale, na walikuwa na kila haki ya kumkasirikia mkoloni. Lakini hasira hiyo ilikuwa pia kivuli kizuri cha kupumzikia. Ukimlaumu Mbotela kwa kumsifu Mzungu, huhitaji kujibu alichosema kuhusu babu yako.

Kuna na jambo la lugha, nalipita haraka. Mkutano wa Mombasa wa 1928 ulichagua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu, Kimvita kikaachwa, na wenye mji wakaumia. Miaka sita baadaye anatokea mtu wa Freretown, kitabu mkononi, kwa Kiswahili hichohicho cha vitabu. Lugha ya mjini ilikuwa imenyang'anywa wenyewe, na wa kwanza kufaidi ni mtoto wa wale waliokuwa wajinga. Nadhani chuki nyengine dhidi ya kitabu hiki ni chuki hiyo, na hakuna anayeisema.

Mtu ataniambia, we bwana, hayo ni ya zamani, sasa hivi Mombasa sote ni wamoja. Sawa. Nenda kapose.

Hapa kisiwani neno linaitwa kufu. Katika fikihi lina maelezo yake, na wanazuoni wamebishana kuhusu nini kinahesabika na nini hakihesabiki. Mtaani halina mabishano. Kijana ana dini, ana kazi, ana tabia, na jibu linarudi kwa sauti ya upole kabisa: "Si kufu yetu, mwanangu." Hakuna atakayetamka mtumwa. Wataulizana tu, "Asili yao ni ya wapi hasa?" Na swali hilo halimwendei kila mtu. Kuna majina ya ukoo yanayopita mlangoni bila kubisha, na kuna kijana atakayeulizwa jina la babake, la babu, la babake babu, mpaka ukoo ufike mahali panapokatika. Ukoo wa waliotekwa unakatika karibu. Hilo halikuwa kosa la kumbukumbu yao, ilikuwa ndiyo kazi ya biashara yenyewe. Mbotela alikuwa na babake wa kumsimulia, akawahi kuandika. Wengi walinyamaza kwa sababu kunyamaza ndiko kulikuwa njia ya kupanda ile ngazi.

Serikali nayo bado inauza masanduku, imebadilisha lebo tu. Wamakonde, ambao wazee wao walikuja kutoka Msumbiji kufanya kazi mashambani, waliishi Kwale miongo mingi bila kitambulisho, wakatembea kwenda Nairobi 2016 kudai, na mwaka uliofuata wakaitwa kabila la 43. Julai 2017 Wakenya wenye asili ya Kiasia wakatangazwa kabila la 44. Wamakonde walihitaji namba ili mtoto afanye mtihani na mzee afungue akaunti ya benki. Wahindi wengi hawakuhitaji namba kwa hayo, walitaka kuambiwa ni wa hapa. Namba mbili zinafuatana kwenye orodha moja, na umbali kati yao ni kama wa hapa na Kwale, kuna maji katikati na foleni ya feri. Na kwenye ofisi ya kitambulisho, Mswahili mwenye jina la Kiarabu bado anaweza kuambiwa alete cheti cha babu, wakati mwengine mwenye jina la bara anapita. Upendeleo umehama upande, na anayeupata leo naye hauoni, kama yule wa jana.

Ganjoni ni mahali pazuri pa kuyaona haya kwa sababu hapana wa kudai ni pa kwao peke yao. Zamani upande huu wa kisiwa ulikuwa wa Wakilindini, na Mnara wa Mbaraki bado umesimama hapo karibu. Leo ni magorofa. Kwenye jengo tunalokaa wamo Wahindi, Waswahili, Wasomali, Wabara wenye kazi bandarini. Sote tunalipa nyumba, sote tunalalamikia maji. Lakini usiku ukishuka chini, kwenye kiti cha plastiki cha geti, na asubuhi kwenye kamba ya nguo juu ya paa, asili zinazofanya kazi hizo ni chache na zinajirudia. Mtoto wa darasa la pili wa ghorofa yoyote anaweza kukuambia askari hutoka wapi na dada wa kazi hutoka wapi. Hajafundishwa somo la rangi na mtu. Ameona tu nani anamtuma nani.

Kwa hivyo nataka Uhuru wa Watumwa kirudi madukani. Nimeuliza katika maduka ya vitabu ya mji huu, na nilichopata ni kuangaliwa kama niliyeomba samaki kwenye duka la simu. Kirudi kizima, na zile shukrani zake zote kwa Waingereza, zisikatwe hata moja. Kiwekewe utangulizi, ila nisingependa utangulizi wa kukiombea radhi. Uandikwe na mtu wa Kisauni ambaye familia yake ilitoka Freretown, aeleze jina la ukoo wao lilikotoka na ofisini wanajaza nini kwenye sehemu ya kabila. Kisha kiandikiwe uhakiki mkali na mtu wa Kibokoni mwenye nasaba ndefu, ataje na familia yake ilikuwa na nani shambani. Mimi huo nitausoma kabla ya kile kitabu.